Saint-Pierre ya Martinique: ziara ya saa mbili katika mji ulioteketezwa na volkano

Mgeni anayefika Saint-Pierre, kaskazini mwa kisiwa cha Martinique, hahitaji siku nzima ili kuuona mji. Saa mbili zinatosha, kwa miguu nyuma ya kiongozi wa ziara au ndani ya treni ndogo ya watalii yenye magurudumu ya mpira. Katika muda huo anaonyeshwa jinsi mji wa watu karibu elfu thelathini ulivyokwisha kwa dakika chache, asubuhi ya tarehe 8 Mei 1902. Kwa msomaji wa Goma, wa Sake au wa Kibati, habari hiyo haiko mbali hata kidogo.

Martinique ni kisiwa cha bahari ya Karibea kilicho chini ya Ufaransa, kati ya Dominica na Saint Lucia. Wakaaji wake, karibu laki tatu na nusu, wanazungumza Kifaransa na Kikreoli. Wengi wao ni wajukuu wa Waafrika waliopelekwa huko kwa nguvu kulima miwa. Utumwa ulifutwa huko Mei 1848, baada ya watumwa kuasi Saint-Pierre tarehe 22. Miaka michache baadaye, kati ya 1857 na 1862, maelfu ya watu wengine walichukuliwa kutoka pwani ya Kongo kwenda kufanya kazi ya mkataba katika mashamba yale yale. Kwa hiyo Mkongomani anayetembea kisiwani humo anatembea kati ya watu ambao baadhi yao wana damu ya kwao.

Mji ulioitwa Paris ndogo

Watalii wengi wanafika kwa meli kubwa zinazotia nanga Fort-de-France, mji mkuu, na kuondoka siku hiyo hiyo. Ndiyo maana ziara za kisiwani zimepangwa ziwe fupi. Kutoka Fort-de-France hadi Saint-Pierre ni kilomita karibu 30 za barabara inayofuata bahari, na kadiri gari linavyosogea kaskazini, ndivyo mlima Pelée unavyozidi kujitokeza. Una urefu wa mita 1.397, na mara nyingi kichwa chake kimefunikwa na mawingu. Anayeujua Nyiragongo kwa mbali, siku za mvua, anaweza kuipata picha hiyo bila kusafiri.

Kituo cha kwanza ni uwanja wa Bertin, ukingoni mwa bahari. Saint-Pierre ilianzishwa 1635 na Mfaransa Pierre Belain d'Esnambuc, na kwa zaidi ya karne mbili ndiyo ilikuwa moyo wa biashara ya kisiwa. Hapo Bertin mapipa ya sukari na ya pombe ya miwa yalipangwa yakingoja meli. Mji ulikuwa na taa za umeme barabarani, tramu iliyovutwa na farasi, bustani ya mimea, magazeti na jumba la tamthilia. Watu waliuita Paris ndogo ya visiwa vya Antilles.

Leo Saint-Pierre ni mji mdogo wa watu karibu elfu nne. Nyumba mpya zimejengwa juu ya kuta za zamani, na mgeni anaona vizuri pale ambapo jiwe jeusi lililoungua linaishia na saruji ya baadaye inaanza. Chini ya maji, mbele ya uwanja huo, zaidi ya meli kumi bado zimelala pale zilipozama siku ile. Wazamiaji wanashuka kuziangalia. Meli ya Waingereza iliyoitwa Roddam ilifaulu kukimbia ikiwaka moto, ikiwa na maiti nyingi juu yake.

Ngazi zisizoelekea popote

Kutoka baharini ziara inapanda kuelekea jumba la tamthilia. Lilijengwa mwishoni mwa karne ya 18 kwa kuiga lile la Bordeaux, na liliweza kupokea watazamaji karibu mia nane. Kilichobaki ni ngazi mbili za mawe zinazopanda kwa kupinda, moja kila upande, sakafu iliyoota nyasi, na kuta zisizo na paa. Watu wanapenda kupigia picha hapo, na mlima unaonekana nyuma yao.

Hatua chache kutoka hapo, chini ya ukuta wa jumba hilo, ndipo penye kitu ambacho karibu kila mgeni amekuja kukitafuta: kasho ya Cyparis.

Ni chumba kimoja kidogo cha mawe, chenye kuta nene na paa la mviringo, kilichokuwa sehemu ya gereza la mji. Mlango wake ni mfupi, matundu ya hewa ni madogo sana, na hayatazami upande wa mlima. Humo alikuwa amefungiwa peke yake kijana mweusi, kibarua, Louis-Auguste Cyparis. Wingu la moto lilipopita juu ya mji, hewa ya moto iliingia kupitia matundu hayo na kumchoma vibaya mgongoni na miguuni. Lakini hakufa. Alikaa gizani siku tatu hivi akiita, hadi watu waliokuja kutafuta katika magofu waliposikia sauti yake.

Baadaye Cyparis alichukuliwa Marekani na sarakasi kubwa ya Barnum & Bailey, ambayo ilimzungusha mji hadi mji, akikaa ndani ya mfano wa kasho yake ili watu walipe kumtazama. Viongozi wa ziara wanapenda kumalizia hapo, kwa sababu ni kisa kinachowashangaza wageni: mfungwa ndiye aliyepona, na waliomfunga wakafa. Lakini hakuwa peke yake. Fundi viatu Léon Compère-Léandre, aliyekaa pembezoni mwa mji, naye alitoka hai akiwa na majeraha ya moto. Walionusurika ndani ya mji ni wachache sana, watu wa kuhesabika kwa vidole.

Mlima ulikuwa umeshaanza kusema

Sehemu ya ziara inayomgusa zaidi mtu wa kwetu ni ile inayosimulia siku zilizotangulia. Saint-Pierre haikushtukizwa usingizini.

Tangu mwisho wa Aprili 1902 majivu yalikuwa yakianguka juu ya mapaa, harufu ya kiberiti ilijaa hewani, farasi waliziba pumzi barabarani. Nyoka walishuka kutoka mlimani wakikimbilia makaazi ya watu. Tarehe 5 Mei matope ya moto yalitelemka katika bonde la mto Rivière Blanche na kukifunika kiwanda cha sukari cha Guérin pamoja na wafanyakazi wake. Baada ya hapo watu wa vijijini walianza kukimbia. Wengi hawakukimbia mbali: waliingia Saint-Pierre, wakiamini kwamba mjini ndiko kwenye usalama. Idadi ya watu mjini ikaongezeka badala ya kupungua.

Kulikuwa pia na uchaguzi. Duru ya kwanza ya uchaguzi wa wabunge ilifanyika tarehe 27 Aprili, na duru ya pili ilipangwa tarehe 11 Mei. Gavana Louis Mouttet aliunda tume ya kuuchunguza mlima. Tarehe 7 Mei tume hiyo ilisema kwamba mpangilio wa mabonde unaelekeza matope na lava baharini, na kwamba usalama wa Saint-Pierre haujaguswa. Siku hiyo hiyo gazeti la mji, Les Colonies, lilichapisha maoni ya mwalimu mmoja wa sayansi aliyeona kwamba Pelée haiwatishi watu wa Saint-Pierre kuliko Vesuvius inavyowatisha watu wa Napoli.

Gavana mwenyewe alikuja Saint-Pierre pamoja na mke wake, jambo lililowatuliza watu. Kesho yake ilikuwa Alhamisi, sikukuu ya Kupaa kwa Bwana. Karibu saa mbili asubuhi, ubavu wa mlima ulifunguka, na wingu zito la gesi, majivu na mawe ya moto likatelemka hadi mjini kwa kasi ambayo hakuna gari la leo lingeishinda. Watu karibu elfu ishirini na nane walikufa. Gavana na mke wake walikuwa kati yao, na mwalimu yule pia.

Kosa la tume halikuwa uongo. Wajumbe wake walikuwa wakitazama lava na matope, vitu vinavyofuata bonde. Wingu la aina ile hawakulijua, na halikungoja bonde. Ni baada ya msiba ndipo mwanasayansi Mfaransa Alfred Lacroix alipokwenda kulichunguza na kulieleza. Tangu hapo jina la Pelée linatumiwa na wataalamu wa dunia nzima kutaja milipuko ya namna hiyo. Karibu miezi minne baada ya msiba, tarehe 30 Agosti, wingu jingine liliua zaidi ya watu elfu moja, wengi wao katika kijiji cha Morne-Rouge.

Kengele iliyopondeka

Ziara inaishia kwenye makumbusho ya msiba. Yalianzishwa 1933 na Mmarekani Frank Perret, mtaalamu wa volkano, na yakafunguliwa upya 2019 baada ya kutengenezwa. Ndani yake kuna kengele ya kanisa kuu iliyopondeka kama sufuria iliyokanyagwa, chupa za kioo zilizoyeyuka na kushikana, chakula kilichogeuka makaa. Na kuna majina: maelfu ya majina ya waliokufa, yaliyokusanywa kutoka katika hati na kumbukumbu za familia. Si majina yote elfu ishirini na nane, kwa sababu ofisi zilizoyaandika ziliungua pamoja na wenye majina.

Mlima haujafa. Uliamka tena kati ya 1929 na 1932. Tangu Desemba 2020 wataalamu walipandisha kiwango cha tahadhari hadi rangi ya manjano, kwa sababu ya mitetemeko midogo na dalili nyingine. Na Septemba 2023 UNESCO iliuingiza mlima huo, pamoja na misitu na milima jirani, katika orodha ya urithi wa dunia. Watalii wanapanda hadi juu, huku kituo cha uchunguzi kikiendelea kuusikiliza.

Na sisi wa Kivu?

Nyiragongo haufanani na Pelée. Lava yake ni nyepesi, inatiririka kama maji ya mto, na mara nyingi inampa mtu nafasi ya kukimbia. Tarehe 17 Januari 2002 ilipita katikati ya Goma, ikafunika sehemu ya uwanja wa ndege, ikateketeza Kanisa Kuu la Mtakatifu Yosefu na maduka ya Birere. Tarehe 22 Mei 2021, Jumamosi jioni, wakaaji waliona mbingu imekuwa nyekundu kabla ya kupewa tangazo lolote, wakabeba watoto na magodoro wakaelekea Gisenyi na Sake. Lava ilisimama Buhene, karibu na uwanja wa ndege. Siku tano baadaye, tarehe 27, serikali ya jimbo iliamuru kartiye kumi za mji zihamishwe.

Tofauti na 1902 iko wazi: viongozi wa Saint-Pierre waliwaambia watu wakae, wa Goma waliwaambia waondoke. Lakini yako mambo yanayofanana. Miezi kabla ya mlipuko wa 2021, kituo cha uchunguzi wa volkano cha Goma kilikuwa kimekosa fedha na hata mtandao wa kutuma habari za vipimo vyake. Sikio lilikuwepo, ila lilikuwa limezibwa. Na kama ilivyokuwa kwa tume ya Mouttet, hatari ambayo watu wanaijua inaweza kuficha ile wasiyoijua: chini ya ziwa Kivu kuna gesi nyingi, na katika mashimo ya mawe kuna mazuku, neno la kwetu ambalo wanasayansi wa nje wamelichukua jinsi lilivyo.

Vita vimefunga mambo mengi katika Kivu, na utalii ni mojawapo. Lakini ziara ya Saint-Pierre haikutengenezwa kwa ajili ya wageni wa meli peke yao. Ina mawe machache tu: ngazi, kasho, kengele, ukuta wa majina. Goma nayo ina mawe yake, na watu wanayakanyaga kila siku, wanajengea kuta, wanayauza kwa malori. Mtoto aliyezaliwa Birere baada ya 2002 anacheza juu ya lava. Kumwonyesha ilipitia wapi, ilichukua saa ngapi, na njia gani iliwaokoa wazazi wake ni kazi ya alasiri moja. Mwalimu anaweza kuifanya bila treni na bila tiketi, na mlima ukiamka tena, mtoto huyo atajua aelekee wapi kabla ya tangazo kumfikia.