Historia ya Vita: Na Akina Mama Waulizwe

Ukifika Serengeti au Tarime ukauliza habari za vita vya zamani, utaelekezwa kwa wazee wa kiume. Watakutajia koo, marika ya vijana waliopigana na ng'ombe waliotekwa. Bibi aliyeketi pembeni akichambua mboga atakuambia yeye historia haijui.

Jibu la namna hiyo alilipata Jan Bender Shetler, mwanahistoria kutoka Marekani, alipofanya utafiti mkoani Mara katika miaka ya 1990. Baadaye aliwarudia akina mama na kusikiliza habari za maisha yao: ndoa, udugu na urafiki. Mwaka 2019 alitoa kitabu kiitwacho Claiming Civic Virtue. Humo anaonyesha kwamba wanaume hutunza zaidi kumbukumbu za ukoo na kabila, wakati wanawake hutunza kumbukumbu za mahusiano yanayovuka mipaka hiyo.

Je, hilo lina uhusiano gani na vita? Mwishoni mwa karne ya 19, Waikoma, Wanata, Waishenyi na Wangoreme walipigwa na mengi kwa pamoja: mashambulizi ya Wamasai, sotoka ya ng'ombe, ndui na njaa. Wengi walikwenda Usukuma kutafuta chakula, na wapo wanawake na watoto waliotolewa huko ili wengine wapate nafaka. Katika hali hiyo mkuki peke yake haukuokoa watu. Ilibidi kuwe na mtu wa kuwapokea. Mwanamke aliyeolewa mbali na kwao alikuwa na ndugu pande mbili, na udugu huo uliweza kufungua mlango wa kimbilio.

Kwa hiyo, mwanamume anaweza kutueleza nani alipigana na nani. Mwanamke anaweza kutueleza watu waliponaje. Tukikosa simulizi la pili, tunabaki na historia ya uadui tu, nasi tunairithisha kwa watoto.

Maandiko Matakatifu hayakufanya hivyo. Katika 1 Samweli 25, Daudi anatoka na watu wapatao 400 kumwangamiza Nabali. Abigaili anapakia punda mikate 200 na vyakula vingine, anakwenda kumlaki njiani, na damu haimwagiki. Vita ambavyo havikupiganwa vimeandikwa kwa sababu ya mwanamke huyo.

Tarime inajua uchungu wa mapigano ya koo. Katika ugomvi wa namna hiyo, mke huwa na mume upande mmoja na kaka zake upande wa pili. Anayoyajua yeye ni mali kwa wanaotafuta upatanisho.

Basi frateri, unapotumwa kigangoni kuandika historia ya parokia, pita pia kwenye jumuiya ndogo ndogo, ukawasikilize WAWATA na bibi wazee. Usimwulize, "Bibi, unajua historia?" Mwulize, "Bibi, vita vilipofika, mlikimbilia kwa nani?"