Wiki ya Kisiwani Inaanzia Kisarawe

Mkazi wa Kibaha akisema anataka kwenda kutazama wanyama, wenzake humwelekeza Mikumi, maana barabara ya Morogoro inapita mlangoni kwake. Wa Kisarawe huambiwa ashike njia ya Mloka, akaone tembo na viboko wa Hifadhi ya Taifa ya Nyerere. Ni ushauri mzuri, sina ugomvi nao. Lakini kwa mwenye likizo ya siku saba, na hamu ya kuelewa anachokiona badala ya kukipiga picha tu, ninalo pendekezo jingine: siku mbili katika msitu wa Pugu, zilizobaki kaskazini, kisiwani Pemba. Simba hatamwona. Ataona popo ambaye mabawa yake yakitandazwa hukaribia mita moja na nusu, atasikia bundi asiyepatikana kwingine kokote duniani, na akijaliwa atakutana na mnyama wa nusu kilo ambaye ndugu zake wa damu ni tembo.

Wengi wataniuliza kwa nini wapoteze siku mbili Pugu wakati boti ipo. Jibu ni kwamba ukishuka bandari ya Mkoani bila kupitia Pugu utaona vilivyopo Pemba, lakini hutajua kipi hakipo. Na kwa Pemba, visivyokuwepo ndivyo vinavyoeleza historia ya kisiwa.

Hifadhi ya Mazingira Asilia Pugu-Kazimzumbwi ipo Kisarawe, mwendo mfupi kutoka Dar es Salaam, chini ya Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania, TFS. Anayetoka Kibaha hana haja ya kuingia mjini. Anapitia Mbezi, Malamba Mawili na Kinyerezi, kisha anapanda vilima vya Pugu. Kwenye karatasi hifadhi ina zaidi ya hekta 7,000. Ardhini hali ni tofauti: upande wa Kazimzumbwi umekatwa sana kwa mkaa na mashamba, na ukitembea utakutana na vichaka na matanuri ya zamani kabla hujafika kwenye miti mikubwa. Hata hivyo kilichobaki ni sehemu ya mnyororo wa misitu ya pwani unaoanzia kusini mwa Somalia hadi Msumbiji, misitu midogo midogo yenye viumbe wengi wasiopatikana nje yake. Mto Msimbazi nao chanzo chake kipo kwenye vilima hivi. Maji yanayofunga barabara pale Jangwani kila masika, safari yake imeanzia huku.

Amka alfajiri umtafute sange. Wengine humwita njule. Msituni tafuta mahali penye majani makavu mengi, kaa chini, nyamaza, uache masikio yafanye kazi. Utasikia mchakacho, kimya, mchakacho tena. Ukibahatika atajitokeza: mbele ana rangi ya kutu, nyuma mweusi, miguu myembamba mirefu, na pua ndefu inayochezacheza huku ikifukua majani kutafuta wadudu. Watu wengi humwona panya. Wataalamu wa zamani walimweka karibu na virukanjia. Uchunguzi wa vinasaba, tangu miaka ya 1990, umewasahihisha wote: sange yumo katika ukoo mmoja na tembo, nguva, pimbi na muhanga, ukoo uliozaliwa Afrika zama bara hili lilipokuwa limetengwa na mabara mengine kwa bahari. Yaani Afrika yenyewe iliwahi kuwa kisiwa, na sange ni mwenyeji wa tangu siku hizo.

Sasa shika jambo moja. Sange huyuhuyu wa Pugu yupo pia Unguja. Yupo Mafia. Pemba hayupo.

Sababu iko chini ya maji. Yapata miaka 20,000 iliyopita, wakati barafu ilipofunika sehemu kubwa za Ulaya na Amerika Kaskazini, maji mengi ya dunia yaliganda juu ya nchi kavu na usawa wa bahari ukashuka kwa takriban mita 120. Mlango wa bahari kati ya Bagamoyo na Unguja ni wa kina kifupi, hivyo ulikauka. Mtu angeweza kwenda Unguja kwa miguu, na wanyama walikwenda. Katika pango la Kuumbi, karibu na Jambiani, wanaakiolojia wamefukua mifupa ya pundamilia na nyati, wanyama ambao leo hakuna mtoto wa Unguja anayeweza kuwaona bila kuvuka bahari. Chui wa Unguja, ambaye wazee wengi wanamkumbuka kwa hofu, naye alibaki pale bahari ilipopanda na kuukata mlango. Ukitazama vizuri, Unguja ni kipande cha Mkoa wa Pwani kilichozungukwa na maji.

Pemba ni hadithi nyingine. Mkondo unaoitenga na bara, upande wa Tanga, una kina cha mamia ya mita. Bahari iliposhuka mita 120, mkondo ule haukukauka, ulipungua tu. Kisiwa kilikaa peke yake kwa muda mrefu mno, na aliyetaka kufika alihitaji bawa, upepo, gogo linaloelea, au baadaye jahazi la binadamu. Ndiyo maana orodha ya wanyama wake wa ardhini ni fupi, na orodha ya wanaoruka inashangaza.

Kabla ya kuondoka Pugu, ungoje giza. Wakati wa Wajerumani vilima hivi vilichimbwa udongo mweupe wa kaolini, na mahandaki yaliyoachwa yamekuwa makazi ya popo. Jua likizama hutoka kwa maelfu, na mtiririko wao mdomoni mwa handaki huchukua muda kwisha. Hawa ni walaji wa wadudu. Hutoa sauti kali ambayo sikio letu haliinasi, kisha husikiliza mwangwi wake ukirudi kutoka kwa mbu au nondo. Simama nje uwatazame, usiingie ndani. Katika pango la popo la msitu wa Maramagambo, Uganda, mtalii Mholanzi aliambukizwa virusi vya Marburg na akafariki mwaka 2008. Pango lile lina popo wa aina nyingine na sisemi kwamba Pugu kuna ugonjwa, ila kuvuta vumbi la kinyesi cha popo katika nafasi finyu si jambo la kufanyia majaribio. Waongozaji wa hifadhi wanajua pa kusimama.

Ukiwa bado na nguvu, omba kutembezwa usiku kumtafuta komba wa Rondo. Ana uzito wa gramu 60 hivi, ni miongoni mwa komba wadogo kabisa wa Afrika, na sayansi ilimpa jina rasmi mwaka 1996 tu. Anajulikana katika misitu michache ya Lindi na Mtwara, na huku kwetu Pugu-Kazimzumbwi na Pande. Kwa maneno mengine, kiumbe ambaye amewahi kuorodheshwa kati ya jamii 25 za nyani zilizo hatarini zaidi duniani anaishi mahali unapoweza kufika kwa daladala. Tumia tochi yenye mwanga mwekundu. Mweupe unamuumiza macho na kumkimbiza.

Siku ya tatu ni ya safari, na sina la kuiremba. Boti ya Pemba hupitia Unguja, na mpaka ufike Mkoani siku imekwisha. Mwenye haraka atapanda ndege hadi Chake Chake. Beba kitambulisho cha taifa.

Asubuhi inayofuata nenda Kidike, kaskazini mwa Chake Chake. Huko ndiko kwenye popo wa Pemba. Kwa sayansi anaitwa Pteropus voeltzkowi, kwa heshima ya Mjerumani Alfred Voeltzkow, na alielezwa rasmi mwaka 1909. Usiende alfajiri kama ulivyofanya kwa sange. Nenda mchana jua likiwaka. Mamia wananing'inia kwenye matawi hadharani, hawajifichi pangoni. Wana nyuso za rangi ya machungwa iliyoungua, pua za mbwa mdogo, na macho makubwa yanayokutazama. Wanagombana, wanasukumana, na joto likizidi hujipepea kwa bawa moja huku lingine limekunjwa. Macho yale ndiyo somo lenyewe. Popo wa Pugu anaona kwa mwangwi. Huyu hana mwangwi kabisa. Anatafuta embe, mashelisheli na matunda ya mwituni kwa kuona na kunusa, na anapoyala hubeba mbegu na kuziangusha mbali.

Ajabu yake kubwa ni jamaa zake. Wako Madagaska, Komoro, Ushelisheli, India, Indonesia hadi Australia. Mafia pia wapo wa aina ya Komoro. Bara la Afrika hakuna hata mmoja, ingawa kutoka Pemba hadi pwani ya Tanga ni kama kilomita 50, umbali ambao popo huyu anaweza kuumaliza kwa usiku mmoja. Kwa nini hajahamia? Wapo wanaosema nafasi yake huku ilikwisha chukuliwa na popo wengine wala matunda. Mabishano hayajaisha. Mpalme uitwao mpapindi, unaoota Pemba tu, una habari ileile: ndugu zake karibu wote wako Madagaska na Komoro. Kwa hiyo msafiri wa Kisarawe anapokwenda kaskazini Pemba, kwa hesabu ya viumbe anakwenda mashariki, ndani ya Bahari ya Hindi.

Popo huyu alikaribia kwisha. Aliwindwa kwa nyama, misitu ikakatwa kupisha mikarafuu, na mwaka 1996 Shirika la Kimataifa la Uhifadhi wa Mazingira, IUCN, lilimweka katika kundi la walio hatarini kabisa. Kilichomwokoa ni vijiji. Vikundi vya wenyeji vilianza kulinda miti anayolala, ikiwemo ya makaburini na mizimuni, na kutoza wageni kiingilio kidogo. Makadirio ya mwaka 2007 yalipita popo 20,000. Kiingilio cha Kidike ni fedha ninayoitoa kwa moyo mweupe kuliko nyingi za utalii.

Siku mbili zinazofuata ipe Ngezi, kaskazini kabisa karibu na Ras Kigomasha. Ni msitu wa hekta 1,400 na ushei, ndio mkubwa uliobaki kisiwani, na mivule yake inakaa karibu na mipapindi na vichaka vya mchanga. Pemba ina ndege wanne wasiopatikana kwingine: ninga wa Pemba, chozi wa Pemba, ndege mdogo wa manjano mwenye duara jeupe kuzunguka jicho, na bundi mdogo. Watatu wa kwanza utawaona hata kwenye mashamba ya mikarafuu. Bundi ni wa kusikiliza: mlio mmoja mfupi mzito, kisha kimya kisichotabirika, kisha mlio tena. Kima punju utakaowasikia ukitajiwa si wenyeji. Ni wazao wa wachache waliohamishwa kutoka Unguja mwaka 1974, watu walipohofu kwamba kwao wangetoweka. Wameishi, lakini kundi limebaki dogo.

Siku ya Misali ipangie kwa mwezi, si kwa kalenda ya ofisi. Kisiwa hiki kidogo magharibi ya Chake Chake kimehifadhiwa tangu mwaka 1998. Kasa hutaga hapo, na usiku hutoka kaa wakubwa wanaopanda minazi. Wakati wa bamvua, mwezi ukiwa mpevu au mwandamo, bahari hutoka sana na maji huwa chini kabisa asubuhi kwenye saa nne. Hapo ndipo utaona matumbawe yaliyo karibu na ufuko. Wakati wa maji mafu tofauti ni ndogo. Kumbuka tu kwamba mwezi mpevu unaokufaa Misali unakuharibia Pugu, kwa sababu viumbe wengi wa usiku hukwepa mwanga. Mwandamo unafaa kote kuwili, na kwa maoni yangu ndiyo tarehe ya kuanzia hesabu zote.

Kuna jambo la kufikiria ukiwa njiani kurudi. Mwaka 1967 Wamarekani wawili, Robert MacArthur na Edward Wilson, walichapisha nadharia kwamba idadi ya aina za viumbe kisiwani hutegemea ukubwa wake na umbali wake na kule wanakotoka: kisiwa kikiwa kidogo wengi hufa, kikiwa mbali wachache hufika kuziba pengo. Baadaye wanaikolojia wakaona hesabu hiyohiyo inagusa hata msitu uliozungukwa na mashamba na nyumba. Komba wa gramu 60 hawezi kuvuka mji kutoka Pugu kwenda Pande, kama sange asivyoweza kuvuka mkondo wa Pemba. Msitu wa Ruvu Kusini, unaogusa Kibaha na Kisarawe, ungeweza kuwa daraja la viumbe wa Pugu, na kila gunia la mkaa linalotoka humo linaongeza upana wa bahari kati yao. Tofauti ni kwamba mkondo wa Pemba ulijitengeneza kwa mamilioni ya miaka, huu tunauchimba sisi kwa kizazi kimoja.

Mwisho, mambo ya mfukoni. Epuka masika, Machi hadi Mei, njia za msituni huwa tope. Juni hadi Septemba upepo wa kusi huichafua bahari, asiyezoea atatapika mpaka Mkoani. Kaskazi, Desemba hadi Februari, ni joto lakini bahari ni tulivu zaidi. Pemba vaa nguo za stara, na safari ikiangukia Ramadhani jua kwamba chakula cha mchana ni cha kujibebea na kula faragha. Boti ya Pemba haiendi kila siku, kwa hiyo kata tiketi yake kwanza, kisha ndipo upange siku zako za Pugu.