Shule ina idhini, lakini nani atamtahini mtoto?

Mzazi aliyekulia Tanzania akiambiwa shule binafsi "haitambuliwi na serikali", picha inayomjia ni ya shule isiyo na usajili, ambayo watoto wake wa darasa la saba hupelekwa kufanyia mtihani kwenye kituo cha shule nyingine. Hapa Ujerumani neno hilo lina maana tofauti kabisa. Shule inaweza kuwa halali, yenye walimu waliosomea kazi yao na madarasa mazuri, na bado isiwe na haki ya kutoa cheti chenye nguvu ya serikali. Tunasaini mikataba ya shule bila kuliuliza hilo, na anayekuja kubeba mzigo ni mtoto.

Katiba ya mwaka 1949, ibara ya 7, inalinda haki ya kuanzisha shule binafsi. Shule inayochukua nafasi ya shule ya serikali huitwa Ersatzschule, na lazima iombe idhini kwa jimbo. Jimbo huipa idhini iwapo malengo ya masomo, vifaa na elimu ya walimu wake si duni kuliko vya shule za serikali, na iwapo haiwatengi watoto kwa kipato cha wazazi. (Kwa hiyo mwenye kipato kidogo asione haya kuomba apunguziwe ada. Katiba iko upande wake.) Shule hiyo huandika staatlich genehmigt, yaani ina idhini ya serikali, na mtoto anayesoma hapo ametimiza sheria ya elimu ya lazima.

Maneno ya kutafuta ni mengine: staatlich anerkannt, yaani inatambuliwa na serikali. Hapo jimbo limeikabidhi shule sehemu ya mamlaka yake. Mitihani yake ni ya serikali, vyeti vyake vina nguvu ileile, na ikisema mtoto amepanda darasa, amepanda. Wenye shule waliona idhini peke yake ingetosha kuwapa haki hizo. Mahakama ya Katiba ya Karlsruhe ilikataa tarehe 14 Novemba 1969: kutoa vyeti vyenye nguvu ya umma ni kazi ya dola, na jimbo linaweza kudai utambuzi wa pekee. Lakini mahakama hiyohiyo ilionya kwamba utambuzi usigeuzwe fimbo ya kuzilazimisha shule binafsi zifanane na za serikali kupita inavyohitajika.

Basi shule yenye idhini bila utambuzi inaruhusiwa kutoa majaribio, kuandika ripoti na kupandisha watoto madarasa ndani ya kuta zake. Shida huanza mtoto anapohama. Shule ya serikali haifungwi na uamuzi huo. Inaweza kumpa mtihani wa kujiunga au kumweka kwenye kipindi cha majaribio, kama inavyofanyika Bavaria, hata kama ripoti aliyokuja nayo inamsifu.

Mwisho wa masomo ndipo penye uzito zaidi. Mtoto wa shule isiyo na utambuzi hufanya mtihani kama mtahiniwa wa nje, mara nyingi mbele ya walimu wasiomjua. Katika Abitur ya kawaida, yaani mtihani wa kumaliza sekondari ya juu, alama za juu kabisa ni 900, na 600 kati yake hutokana na kazi ya miaka miwili ya mwisho darasani. Mtahiniwa wa nje kwa kawaida hana akiba hiyo. Analolijua lazima alionyeshe katika siku chache za mtihani, tena katika masomo mengi zaidi.

Hayo yote hayamaanishi kwamba shule ni mbaya. Shule za Waldorf, zilizoanzia Stuttgart mwaka 1919, zina mtaala wao, na kwa desturi haziwakaririshi watoto darasa. Katika majimbo kadhaa wanafunzi wao hutahiniwa na serikali, na shule huwaandaa kwa makusudi katika mwaka wa 13. Mzazi aliyechagua hivyo akijua hajakosea.

Majimbo ni 16, na kila moja lina sheria yake ya shule. Katika Nordrhein-Westfalen, kwa mfano, sheria yenyewe inaipa Ersatzschule haki ya kutahini chini ya mwenyekiti wa serikali. Kwa hiyo jibu la rafiki aliyeko Köln lisikutoshe ikiwa wewe unaishi München. Omba shule ikuandikie hadhi yake, ikutajie mtihani wa mwisho utafanyika wapi na nani atausimamia, kisha ipigie simu shule ya serikali ya mtaani kwako uwaulize watampokeaje mtoto akihamia kwao katikati. Shule mpya ikikwambia utambuzi uko njiani, uliza unatarajiwa mwaka gani, uhesabu na mwanao atakuwa darasa la ngapi mwaka huo.