Wakili, Waziri na Jaji: Salmon P. Chase na Suala la Jaji Kuihukumu Kazi Yake Mwenyewe

Maisha ya Salmon Portland Chase (1808–1873) wa Marekani yanaibua suala la msingi katika taaluma ya sheria: je, mtu aliyetekeleza sera akiwa mwanasiasa anaweza kuitolea hukumu ya haki akiwa jaji? Makala hii inaeleza hatua tatu za maisha hayo ili kuonesha jinsi suala hilo lilivyojitokeza.

Hatua ya kwanza ni ya uwakili. Baada ya kusoma sheria chini ya William Wirt, Mwanasheria Mkuu wa Marekani, Chase alihamia Cincinnati, Ohio, mwaka 1830. Mto Ohio pekee ndio ulioutenganisha mji huo na Kentucky, jimbo lililoruhusu utumwa. Mwaka 1837 alimtetea Matilda, mtumwa aliyefikishwa Ohio na bwana wake mwenyewe. Alidai kwamba utumwa hutegemea sheria ya mahali, hivyo nguvu yake hukoma pale mipaka ya sheria hiyo inapokoma. Mahakama iliikataa hoja hiyo, na Matilda akarudishwa utumwani. Hata hivyo, hoja iliyoshindwa mahakamani ilikuwa nguzo ya siasa za Chase alipokuwa Seneta (1849–1855), kisha Gavana wa Ohio (1856–1860).

Hatua ya pili ilianza mwaka 1861, Rais Abraham Lincoln alipomteua kuwa Waziri wa Fedha. Vita vya wenyewe kwa wenyewe viliielemea hazina ya serikali. Sheria ya tarehe 25 Februari 1862 iliruhusu kutolewa kwa noti za dola milioni 150, ambazo wadai walilazimika kuzipokea ingawa hazikubadilishwa kwa dhahabu. Awali Chase alisita. Baadaye aliunga mkono sharti hilo kwa kuwa aliona hapakuwa na njia nyingine. Sura yake ilichapishwa kwenye noti ya dola 1.

Hatua ya tatu ni ya ujaji. Lincoln alimteua kuwa Jaji Mkuu mwezi Desemba 1864. Miaka michache baadaye, sheria ya noti ilifika mbele yake. Katika shauri la Hepburn dhidi ya Griswold (1870), Chase aliandika hukumu iliyotamka kwamba sheria hiyo ilikiuka katiba kwa madeni yaliyofungwa kabla ya kupitishwa kwake. Alikiri kwamba baadhi ya walioiona kuwa ya lazima wakati wa vita walikuwa wamebadili mawazo baada ya amani kurejea. Mwaka 1871, baada ya majaji wawili wapya kuteuliwa, Mahakama ilitengua uamuzi huo kwa kura 5 dhidi ya 4. Chase alikuwa miongoni mwa waliopinga.

Mabadiliko hayo yanaweza kuhusishwa na tamaa ya urais, kwa kuwa mwaka 1868 Chase aliwania uteuzi wa chama cha Democratic. Hata hivyo, ufafanuzi huo hautoshi. Hoja ya mwaka 1837 na ile ya mwaka 1870 zina mzizi mmoja: mamlaka ya sheria yana mipaka, na dharura haiiondoi. Aliyeiacha hoja hiyo ni waziri, jaji aliirudia. Udhaifu wake haukuwa kubadili msimamo, bali kutojiondoa katika shauri ambalo yeye mwenyewe alikuwa sehemu ya historia yake. Hivyo basi, hata hukumu yenye hoja nzito ilibaki na kivuli cha shaka.