Fahamu: Je, mwenye nyumba Kenya anaweza kukufurusha kwa sababu ya kodi?

Kufuli mpya mlangoni, mabati yameng'olewa, magodoro yako nje. Wapangaji wengi huamini wakidaiwa kodi hawana la kusema. Sivyo.

Sheria inamlinda nani?
Sheria ya Udhibiti wa Kodi, Sura 296, inahusu nyumba za makazi ambazo kodi yake haizidi Sh2,500 kwa mwezi.

Kodi ikichelewa?
Deni ni sababu halali ya kuomba nyumba irudishwe, lakini lazima mwenye nyumba apate kwanza amri ya baraza la kodi. Baraza hupima kama ni haki kumtoa mpangaji. Hata kukamata vyombo ili kufidia deni kunahitaji idhini yake.

Na kumsumbua mpangaji ili ahame?
Ni kosa la jinai.

Ufanye nini?
Tunza risiti na jumbe za M-Pesa, lipa kiasi ulichonacho, kisha uwasilishe malalamiko kwa baraza la kodi mapema.

Kiwango cha Sh2,500 kimepitwa na wakati. Mijini kinawaacha maskini wengi bila ulinzi huu. Bunge lina wajibu wa kukirekebisha.