Peter Cushing, Mwigizaji wa Kiingereza (Sehemu ya Pili): Miaka ya Televisheni

Sehemu ya kwanza ya makala haya ilimwacha Peter Cushing, aliyezaliwa Kenley katika Surrey mwaka 1913, amekwisha kurejea Uingereza kutoka Hollywood bila ya jina kubwa wala akiba. Alimwoa Helen mwaka 1943, akapewa nafasi ya Osric katika filamu ya Hamlet ya Laurence Olivier mwaka 1948. Walakini kazi ilipoadimika ilimlazimu kutafuta riziki kwa kutia nakshi vitambaa vya shingo vya wanawake. Leo nakusudia kubainisha jinsi televisheni, ambayo wakati ule haikuwa bado na heshima ya jukwaa, ilivyomtoa katika dhiki hiyo, maana naamini kwamba ustadi uliomtukuza baadaye katika sinema ulikomaa huko.

Helen ndiye aliyemshauri awaandikie barua watayarishaji wa michezo wa BBC kuomba kazi, na shauri hilo likazaa matunda. Mchezo wa televisheni wa zama hizo aghalabu haukupigwa picha kwanza, ukakatwa na kuungwa, ndipo ukaonyeshwa. Ulichezwa studioni saa ile ile watu walipoutazama majumbani mwao, kamera nzito zikihamishwa kutoka mandhari moja hadi nyingine, na mwigizaji akikimbia nyuma yake ili awahi kusimama mahali pake kabla ya zamu yake kufika. Aliyesahau neno alilisahau mbele ya watazamaji, na aliyeangusha kikombe alikiangusha mbele ya taifa. Na mchezo wa Jumapili ulipotakiwa tena, waigizaji walirudi siku ya Alhamisi wakauanza upya tangu neno la kwanza.

Katika hali hiyo Cushing aliigiza Bwana Darcy katika Pride and Prejudice mwaka 1952, kisha tarehe 12 Desemba 1954 akawa Winston Smith katika Nineteen Eighty-Four, riwaya ya George Orwell iliyotungiwa mchezo na Nigel Kneale na kuongozwa na Rudolph Cartier. Mateso ya karani yule dhaifu mikononi mwa dola iliyotaka kumiliki hata fikira zake yaliwatia watazamaji hofu kubwa, hata magazeti yakajaa malalamiko, na hoja zikaandikwa Bungeni, nyingine za kulilaumu shirika na nyingine za kulitetea. BBC haikurudi nyuma: mchezo ulirudiwa tarehe 16 Desemba, na marudio hayo ndiyo yaliyohifadhiwa katika filamu hadi leo. Baada yake Cushing alitunukiwa tuzo ya mwigizaji bora wa televisheni.

Sifa hizo ndizo zilizomfikisha katika kampuni ya Hammer, iliyokuwa na studio zake Bray kando ya mto Thames, ambako mwaka 1957 alicheza Baron Frankenstein katika The Curse of Frankenstein, chini ya uongozi wa Terence Fisher, pamoja na Christopher Lee. Nafasi hiyo ya Baron aliishika katika filamu sita za kampuni hiyo. Waliofanya kazi naye walistaajabia jinsi alivyovitumia vifaa, awe ameshika kisu cha daktari, darubini au chupa ya dawa, kana kwamba mkono wake ulizaliwa nacho. Katika Dracula ya mwaka 1958, yeye mwenyewe ndiye aliyependekeza Van Helsing, aliyemwigiza, aruke juu ya meza ndefu, aangushe pazia ili jua liingie, kisha akutanishe vinara viwili vya mishumaa vifanye msalaba. Hiyo ni akili ya mtu aliyezoea kutegemea kilichopo mbele yake, bila ya nafasi ya kurudia.

Wako wanaosema kwamba kipaji cha namna hiyo kilipotezwa katika hadithi za kutisha. Mimi sikubali. Kazi haidhalilishwi na aina yake, bali na uzembe wa mwenye kuifanya, na Cushing alimtumikia mtazamaji wa hadithi ya jinamizi kwa idili ile ile aliyomtumikia msomaji wa Orwell. Kwa hiyo anastahili kuhesabiwa miongoni mwa mastadi wa fani yake. Sehemu ya tatu itaeleza kifo cha Helen mwaka 1971, na kazi ya Cushing katika Star Wars ya mwaka 1977.