Nyota ya Eärendil

Katika nyota zote zilizobuniwa na watunzi wa riwaya, sijui moja iliyojengwa kwa uangalifu, wala iliyonigusa moyo, kuliko nyota ya Eärendil, ambayo J.R.R. Tolkien, mwanachuoni wa lugha za kale aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892 na kulelewa Uingereza, alianza kuitungia shairi mnamo Septemba 1914, wiki chache tu baada ya vita vikuu kuzuka Ulaya. Jina lenyewe hakulizua; alilikuta katika utenzi wa dini wa Kiingereza cha kale, uliohifadhiwa katika mswada wa karne ya 10 kwenye kanisa kuu la Exeter, likatajwa humo kwa sifa za mwanga na ujumbe, nalo likamkaa rohoni umri wake wote.

Habari za nyota hiyo zimo katika The Silmarillion, kitabu kilichotolewa mwaka 1977, miaka minne baada ya kufa mtungaji, kwa kuhaririwa na mwanawe Christopher. Humo twasoma kwamba Fëanor, fundi stadi kuliko wote wa Waelfi, jamii ya viumbe wasiokufa kwa uzee, alitengeneza johari tatu akatia ndani yake nuru ya Miti Miwili, iliyokuwa ikiiangaza nchi ya Valinor, ng'ambo ya bahari ya magharibi, kabla ya kuwako jua na mwezi. Adui mkuu, Morgoth, akaiua miti ile, akaziiba johari, na kwa ajili yake vikapiganwa vita vya miaka mamia, hata ndugu wakamwaga damu ya ndugu. Johari moja ilipata kutolewa katika taji la Morgoth, ikarithiwa hata ikamfikia Elwing, mke wa Eärendil bin Tuor, nahodha ambaye baba yake alikuwa mwanadamu na mama yake Mwelfi.

Eärendil alikuwa safarini katika merikebu yake Vingilot, akiitafuta njia ya Valinor apate kuwaombea watu wa pande zote mbili za nasaba yake, wakati wana wa Fëanor, waliofungwa na kiapo juu ya johari zile, walipoushambulia mji wake wa pwani. Elwing, badala ya kuitoa johari, alijitupa nayo baharini. Na Ulmo, mwenye enzi ya maji, akamwinua katika mawimbi akampa umbo la ndege mkubwa mweupe. Usiku mmoja Eärendil, ameshika usukani, aliona kitu cheupe kikija mbio chini ya mwezi, kikaanguka juu ya mbao za chombo kikiwa karibu ya kufa. Akakiokota, akakikumbatia kifuani, na kulipopambazuka alimwona mkewe amelala ubavuni pake, nywele zake zikiwa usoni pa mumewe. Tolkien amelisimulia jambo hilo kwa maneno machache mno, na kwa hakika alitenda vyema, kwani si kila ajabu huhitaji kupambwa.

Kwa nuru ya johari ile iliyofungwa katika paji la uso wake, nahodha alipita giza na uganga uliowazuia mabaharia wote waliomtangulia, akafika, akaomba msamaha na rehema. Dua yake ikakubaliwa. Walakini yeye mwenyewe akaharimishwa kukanyaga tena nchi za watu wake, merikebu yake ikapandishwa mbinguni, na wenye kuteswa ng'ambo ya bahari walipoiona mara ya kwanza wakaiita Gil-Estel, yaani Nyota ya Tumaini Kuu. Nami naona uzito wote wa kisa umo hapa: nyota ilionekana ilhali jeshi la kuwaokoa halijafika, na walioitazama hawakumjua aliyewaombea, wala hawakujua gharama aliyolipa.

Wala si ndoto tupu isiyotazama mbingu. Nyota ya Eärendil huonekana karibu na macheo na machweo, na Tolkien mwenyewe alieleza kwamba ndiyo Zuhura, ambayo katika visa vya kale vya Waislamu nayo husemwa kuwa alikuwa mwanamke akageuzwa nyota, ingawa wanachuoni wengi wamevikataa visa hivyo. Zuhura hulizunguka jua kwa siku 225, ndani ya njia ya dunia yetu, na kwa sababu hiyo haitengani na jua kwa zaidi ya nyuzi 47 hivi: yaonekana baada ya magharibi au kabla ya jua kuchomoza, kisha hupotea kwa muda na kuzuka upande wa pili. Weupe wake watokana na mawingu mazito yanayorudisha kiasi cha robo tatu ya mwanga wa jua. Mtu akiyajua haya, kwenda na kurudi kwa merikebu ya Eärendil huwa ni falaki iliyovikwa ngano.

Mwaka 2022 wanafalaki nao waliliazima jina lile. Katika picha za darubini ya Hubble waliona utepe mwembamba mwekundu uliopinda, na juu yake nukta moja, wakaiita Earendel. Nuru yake imesafiri miaka bilioni 12.9 hata kutufikia. Haingeonekana kamwe lau si kundi kubwa la galaksi lililo katikati ya njia, ambalo uzito wake hupinda nuru na kuikuza maelfu ya mara, kama kitako cha bilauri kinavyokuza na kupotosha maandishi yaliyo chini yake. Darubini ya James Webb ilipoelekezwa huko, ilionyesha dalili za nyota yenye joto zaidi ya maradufu ya jua letu na mwanga wa mara milioni moja hivi. Tangu hapo wametokea wataalamu wanaosema yamkini si nyota moja bali ni kishada cha nyota nyingi, na mjadala ungaliko. Ikiwa ni nyota moja yenye ukubwa huo, imekwisha teketea zamani za kale, kwa kuwa nyota za namna hiyo huishi miaka milioni chache tu. Ikiwa ni kishada, zile ndogo ndogo zilizomo huenda zingali zinawaka hata leo.